Karatasi ya Sista wa Zamu

Kila asubuhi katika wodi ya hospitali mjini Apia, sista wa zamu hukunja karatasi mara mbili apate vyumba vinne: kitanda, dawa, saa na "angalia". Kwenye "angalia", kila mgonjwa humwandikia maneno mawili tu.

"Sista, unaandika kama unafukuzwa," Lupe, muuguzi mpya, humtania.

"Kichwa changu kinavuja, mwanangu. Karatasi haivuji."

Leo sista aliitwa ghafla, akaiacha mezani. Lupe akaichungulia, akapigwa na butwaa. Kwenye "angalia", chini ya wagonjwa wote, alikuta jina lake, na maneno mengi kuliko ya mgonjwa yeyote: "Lupe. Mikono inatetemeka tangu amzike mama yake. Sindano zote nichome mimi." Wiki tatu alikuwa akinung'unika kwamba sista anamnyang'anya sindano kwa dharau. Akairudisha mikono mifukoni, alikodhani ameificha vizuri.