Hodi Tatu za Bi Mejumaa

Kosa ni langu, simsingizii shetani. Mtu alikuja mlangoni kwangu kutaka msaada, nikamsikia, nikanyamaza.

Ilikuwa Ukunda, miaka ya tisini ikielekea ukingoni. Mimi ni mzaliwa wa Msambweni, nimelelewa kwa shikamoo na marahaba. Lakini nilipata kazi ya kupokea wageni katika hoteli moja ya Diani, kichwa kikavimba. Kutwa nawachekea Wazungu. Nikirudi chumbani kwangu kicheko kimekwisha, sitaki kuuona uso wa mtu.

Chumba cha pili alikaa Bi Mejumaa, mjane wa Tiwi, hana mtoto. Kila Ijumaa akiniletea bakuli la wali wa nazi. "Kula, mwanangu," husema, naye angependa nimwambie japo maneno mawili. Mimi nalipokea, nafunga mlango. Kesho yake naliacha tupu kizingitini pake. Na kwetu bakuli la jirani halirudi tupu! Mama angejua angenizaba kofi.

Alasiri moja nilikuwa kitandani nasikiliza kaseti.

"Hodi."

Nikaipunguza redio.

"Hodi, mwanangu. Kifua chanibana. Nitafutie gari, nende hospitali."

Nikasema moyoni, kwani huyu hana ndugu zake?

"Hodi."

Kwetu hodi ni tatu. Usipoitikiwa, waondoka. Bi Mejumaa alikuwa na adabu zake. "Haya, pengine amelala," akasema. Nikasikia ndara zake zikiburutwa. Mlango wake ulipofungwa, nikaipandisha redio.

Asubuhi alikutwa sakafuni, amekufa, amevaa buibui lake, tayari kwa safari ya hospitali.

Matangani dada yake alinishika mikono yote miwili, analia. "Kumbe ndiwe yule mwanawe! Kila tukitaka kuja kumtazama, atwambia tusihangaike, ana mtoto hapo jirani, hamtupi. Mungu akulipe, baba."

Nikaitikia, "Amina."

Nikahama. Nikapata nyumba nzuri, jirani simjui jina. Juzi homa ilinishika hata kusimama siwezi. Nikajikokota mpaka mlangoni pake, nikabisha.

Nikasikia redio ikipunguzwa.

Nikatimiza hodi tatu, nikarudi kwangu nikalala na homa yangu. Sikumlaumu.

Msinipe pole, siitaki. Lakini nyinyi mnaojifungia vyumbani, itikieni hodi ya kwanza. Mwenye adabu habishi ya nne.