Chumvi Kwenye Mfungo wa Mume

Siku hizi karibu na stesheni ya Harrow kuna duka la juisi linalouza maji ya majani mabichi ya ngano, kikombe kidogo kama cha kahawa, na vijana wanapanga foleni wakiamini wanakunywa afya. Mimi harufu ile ikinipata tu, ya nyasi na udongo uliolowa, navuka barabara. Msinielewe vibaya, sina ugomvi na ngano. Ugomvi wangu ni na mfungo wa utotoni.

Kwetu sisi, Wahindi wa Tanga tuliohamia London, mtoto wa kike akishafika miaka minane, tisa, alifungishwa kila mwaka, siku kadhaa mfululizo, ili Mungu ampe mume mwema. Unapanda ngano kwenye bakuli la udongo, unaimwagilia asubuhi, unaiombea, halafu unakula mlo mmoja usio na chumvi hata punje. Mkuu wa shughuli alikuwa Ba, ndivyo tulivyomwita bibi mzaa baba. Ba alisali kwa Kigujarati lakini aligomba kwa Kiswahili, maana alisema ndicho kinachomfika mtu.

Jamani, mmewahi kula chapati isiyo na chumvi? Unatafuna, unatafuna, na mdomo unakuuliza unatafuna nini. Siku za mwanzo nilivumilia. Kisha jioni moja tulikaa mezani: Ba, baba, shangazi Kokila aliyetoka Wembley kuja kuniangalia ninavyofunga, na kaka yangu Jayesh, aliyenunuliwa chipsi zilizomwagiwa chumvi na siki mpaka karatasi imelowa. Mama alikuwa jikoni, anachoma chapati moja moja na kuzileta zikiwa za moto, kwa sababu baba hakula chapati iliyopoa. Nikamwuliza Ba, na Jayesh je, atafunga lini apate mke mwema? Shangazi akacheka. Ba akanijibu kwamba mwanamume hafungi, mwanamume anaombewa.

Hapo damu ikanichemka. Sikulia wala sikununa. Nilinyoosha mkono, nikavuta kopo la chumvi, nikainyunyizia chapati yangu macho yao yakiona, nikaikunja na kuanza kuila taratibu. Mpaka leo sijala kitu kitamu kama kile.

Ba alishika kichwa. Alisema nimejiharibia, nimeitia nyumba nuksi, sasa nitaangukia mlevi. Baba, bila kuinua macho kutoka kwenye gazeti, akamwamuru mama aninyang'anye sahani, ngano yangu itupwe, na kesho nianze upya. Mama akaja, mikono imejaa unga. Akaichukua sahani, akaitazama, nami nikajua nimekwisha. Kisha akairudisha mbele yangu.

"Ba," alisema, kwa sauti ile ile ya kuuliza nani anaongezwa dengu, "mimi nilifunga yote. Sikukosa hata siku moja, wala sikuonja chumvi. Niliyempata ndiye huyu hapa. Mwacheni mtoto ale."

Baba alitabasamu, akidhani amesifiwa. Ba hakutabasamu hata kidogo. Nami, mjinga mie, nilifikiri mama anajivunia utiifu wake ili kunisuta, nikamaliza chapati yangu kwa hasira.

Ba alimnunia mama kwa muda mrefu. Hata akitaka chai alinituma mimi nikamwambie, ilhali mama amesimama hapo hapo. Shangazi alipiga simu kumbembeleza mama amwombe Ba radhi, yaishe. Mama akasema chapati zinaungua, akakata simu.

Mwaka uliofuata ukafika mfungo wa wake, ule wa kumwombea mume maisha marefu, ambao mama aliufunga tangu alipoolewa. Asubuhi ile alijimiminia chai, akavuta kiti karibu na baba, akachovya mkate. Ba akasahau kununa, akamwuliza mwenyewe, leo hufungi?

"Leo nina njaa, Ba," mama akasema, akachovya tena.

Kwa akili ya mtoto niliona ni haki, mwenye njaa na ale. Ilibidi niwe mtu mzima, nikalie meza nyingine na wanaume wengine, ndipo nikaelewa kwamba jioni ile ya chumvi mama hakuwa ananitetea mimi peke yangu. Maneno yale yalikuwa yamemkaa kooni miaka yote, na mimi nilimfungulia njia tu, kisha yeye ndiye akayalipia.

Ndugu zetu mpaka leo wananiambia kwenye harusi kwamba niliivuruga nyumba. Ndiyo, niliivuruga, na kesho ningeivuruga tena. Na baba, kama mnataka kujua, hajafa. Yupo Harrow, ana afya tele.