Halidi wa Pili

Juzi, hapa mjini Mutsamudu, nilimpakata mjukuu wangu mchanga aliyepewa jina langu. Mke wangu akamwinamia akamwita, "Mume wangu!" Nikacheka mpaka mtoto akaamka.

Utotoni, kule mtaa wa Badjanani, bibi aliniita hivyo hivyo, kwa kuwa nilirithi jina la marehemu babu, Halidi. Niliamini jina ndiyo ndoa yenyewe. Alasiri moja, nyumba ikinukia karafuu na mkate wa nazi, jirani akaleta habari: Mzungu mmoja, katika askari mamluki walioshika nchi yetu siku zile, amesilimu ili aoe mtaani kwetu, na sasa anaitwa Halidi.

Nikakimbia kutia komeo, nikauegemea mlango kwa mgongo.

"Unamzuia nani, mume wangu?" bibi aliuliza.

"Halidi yule. Atakuja kukuchukua!"

Sasa najua watu wazima waliwaogopa wale askari kwa bunduki zao. Mimi niliogopa kuachika.

Bibi alicheka hadi leso ikamdondoka. Akanipakata, akanimegea mkate wa moto.

"Halidi maana yake anayedumu," alisema. "Yule jina kalivaa jana, wewe umezaliwa nalo. Kula, mume wangu, udumu."