Mdomo wa Chapuchapu

Mtaani walimwita Chapuchapu, na jina hilo hakupewa bure. Mwanamuziki akimletea wimbo asubuhi, jioni picha zimeshapigwa na wachezaji wanafuta jasho. Kazi hiyo ilimlisha vizuri tu, sitasema uongo. Lakini roho ikamtuma kutengeneza filamu ndefu, ya watu wanaozungumza: mjane anagoma kuhama nyumba aliyoachiwa na mumewe.

Wanamuziki walimcheka. "Chapu, utarudi tu. Huko hakuna wa kukata viuno."

"Sirudi," akawajibu, na kazi za video akazikataa zote.

Mjane aliigizwa na shangazi yake wa damu, mama mtu mzima aliyewahi kucheza michezo ya redio. Nyumba waliazimwa kwa sababu Jumatatu ingebomolewa: vyumba viwili, rangi imebanduka, dirisha linafungwa kwa kamba. Chapuchapu aliipenda papo hapo. Nyingine kama ile angeitoa wapi?

Wakapiga picha wiki nzima. Ijumaa mchana akakaa kitandani na fundi sauti, jamaa mkimya waliyemwita Masikio, wasikilize kazi yao. Shangazi anasema, "Sihami." Papo hapo sauti ya mwanamume inadakia: "Geuka, shangazi. Macho huku. Hapo hapo, tamu hiyo." Wakafungua kipande kingine, mambo yale yale.

Ukitaka kujua, kwenye video za muziki hakuna anayenasa sauti. Wimbo unalia kwenye spika, mwongozaji anabwata atakavyo, na hakuna kinachoharibika. Miaka yote hiyo mdomo wa Chapuchapu ulijiendea wenyewe.

"Mbona hukuniambia?" akauliza.

"Nilikuambia siku ya kwanza, bosi. Ukasema tutaweka wimbo juu yake."

Mkewe, aliyekuwa akiwapaka waigizaji poda, akachungulia mlangoni. "Baba watoto, si uweke huo wimbo, yaishe?"

"Mke wangu, mama huyu anasema hahami. Nikiweka wimbo, nani atamsikia?" Akasimama. "Tunarudia. Tuna kesho na keshokutwa."

Jumamosi akaja na kitambaa, akakiuma. Hata dakika haikupita, Masikio akavua vifaa vyake vya masikioni.

"Bosi, sasa anasikika mtu katekwa nyara chumba cha pili."

Wote wakaangua kicheko, isipokuwa shangazi. Alimshika mpwa wake mkono, wakaenda kukaa kwenye ngazi ya mlangoni.

"Baba, wiki nzima unaniambia niangalie wapi. Hujaniambia naangalia nini. Huyo marehemu mume wangu alikuwa mtu wa namna gani?"

Chapuchapu akakuna kichwa. Hakuwahi kujiuliza. Akaanza kumtunga pale pale: mpole, mwenye wivu kidogo, anayepiga mluzi akinyoa ndevu. Shangazi akauliza alivyolala, alivyokasirika, kama aliwahi kuomba radhi. Walipoinuka, maneno yote ambayo Chapuchapu alizoea kuyabwata alikuwa ameshayasema. Siku hiyo kazi ilikwenda, ingawa mara mbili neno lilimponyoka na ikabidi warudie.

Jumapili alasiri ikabaki sehemu kubwa kuliko zote, mjane akikunja mashati ya mumewe. Chapuchapu alisimama kando ya kamera, mikono nyuma. Shangazi akakunja la kwanza. La pili kifungo kilining'inia, akakisugua kwa kidole gumba, muda mrefu kweli. Ulimi wa Chapuchapu ukawasha. Kwenye video angeshakata mara nyingi hapo. Akaubana kwa meno, akatazama. Lile la mwisho shangazi alilipakata, akatulia.

Kamera ikaendelea.

"Baba," shangazi akaita mwishowe, "mashati yamekwisha. Nikunje na mapazia?"

"Kata," Chapuchapu akasema kwa sauti ndogo. Akamgeukia fundi wake. "Kuna nini humo?"

Masikio akasikiliza tena tangu mwanzo, macho kafumba. "Kuna kitambaa kinakunjwa. Kuna shangazi anapumua. Na jogoo, kwa mbali."

"Na mimi?"

"Wewe husikiki kabisa."

Chapuchapu akapangusa uso kwa kiganja, kisha akainama kukusanya nyaya, maana katapila lilikuwa linakuja alfajiri.