Kiko cha Shaba

Wanawake waliotwanga mahindi ya askari bomani Songea waliiita saksafoni kiko cha shaba, kwa jinsi ilivyopinda. Mwenyewe alikuwa Mjerumani wa ghala, aliyepoteza vidole viwili katika vita vya Maji Maji na hakuweza kuipiga tena. Akatafuta mtu mwenye pumzi. Wakamletea Daimu, Myao wa Tunduru, aliyewahi kupiga zumari kwenye misafara ya Kilwa.

"Siku ya kuzaliwa Kaisari, mfalme wetu, utapiga wimbo huu," bwana alimwambia, akaupiga kwa mluzi. "Ukiupiga vizuri, ndugu yako namtoa mnyororoni."

Ndugu huyo, Majaliwa, ndiye pekee aliyembakia. Wengine vita viliwamaliza, na baada ya vita njaa, maana mashamba yalichomwa moto na mbegu zake. Majaliwa alivunja mawe barabarani na wenzake saba, shingo zao zimeunganishwa. Wiki iliyofuata wenzake walibaki sita.

Daimu alijifunza nyuma ya ghala. Sauti aliipata siku ya nne. Vidole vilimtii mwezi ulipoandama. Kilichomshinda ni mwendo. Kule kwao Ulaya huo ulikuwa wimbo wa dansi, hakuna asiyeujua, nao ulikwenda tatu tatu. Zumari la msafara hufuata miguu, na miguu ni miwili.

"Moja, mbili, tatu!" bwana alipaza sauti, akigonga sanduku. "Mbona unaongeza nne? Nani kakupa nne?"

Mwanaheri, mke wa Majaliwa, alikuwa akimsikia kutoka kinuni.

"Shemeji, huyo mbuzi anazaa lini? Tumechoka kumsubiri."

"Nicheke tu. Mumeo yumo humu ndani ya hiki kiko."

"Basi njoo utazame."

Alikuwa akitwanga na wenzake wawili kwenye kinu kimoja, michi mitatu ikipishana bila kugongana. Akaanza kuyapanga maneno juu ya michi: Ma-ja-li, wa-ru-di, nyu-mba-ni. Tatu, tatu, tatu. Daimu akapuliza huku akiyasema moyoni, na kwa mara ya kwanza wimbo ukatembea wenyewe. Siku chache baadaye vinu vyote vya boma vilikuwa vikitwanga hivyo.

Sikukuu ilipofika, watu walipangwa mbele ya bendera, wageni wa Kizungu vitini, wafungwa pembeni. Daimu akapuliza. Hakukosea hata mahali pamoja. Bwana wa ghala alifumba macho. Daimu alipourudia wimbo, wanawake, bila kuambiwa na mtu, wakafungua vinywa. Majaliwa rudi nyumbani. Uwanja mzima ukajaa.

Mkuu wa boma akasimama. "Maji? Wanaimba maji?"

Iddi, mkalimani, alijitokeza mbio.

"Hapana, bwana mkubwa, si maji! Wallahi si maji. Majaliwa. Ni jina la mtu."

"Mtu gani?"

Iddi angeweza kumtaja marehemu yeyote, hawakuwa haba. Lakini alikuwa ameshikwa na furaha ya kuwaokoa watu, na ulimi ulimtangulia. Akanyoosha kidole kwa wafungwa.

"Yule pale."

"Na wanamwambia nini?"

Iddi ndipo alipoona alikofika. Akajibu chini chini, "Arudi nyumbani."

Neno maji lingewaletea viboko, Daimu alilijua hilo. Hili lilikuwa baya zaidi: mfungwa anayeitwa na umati mzima, siku ya Kaisari, chini ya bendera yake. Alimtazama bwana wa ghala, mwenye ahadi. Bwana alikuwa akitazama viatu vyake.

Haikufika adhuhuri, Majaliwa akahamishiwa mnyororo wa wafungwa waliopelekwa pwani. Hakuna aliyemjua mtu aliyerudi kutoka huko.

"Piga wimbo mwingine," bwana wa ghala alimnong'oneza Daimu, "wageni wasikae kimya."

"Sina mwingine, bwana."

"Basi piga huo huo."

Akaupiga. Safari hii wanawake walifumba vinywa kabisa. Mnyororo ukatoka langoni. Mwanaheri alikimbia pembeni na furushi la mizizi ya porini, chakula cha njaa, aliyoichimba milimani Matogoro, akamkabidhi askari wa nyuma, naye akaitikia kwamba atampa mumewe. Hawajafika hata mtoni, askari alikuwa akitafuna.