Msemaji wa Picha ya Baba Yake Mzee Han

Mnaotaka kusema nilikuwa na usingizi, semeni. Ilikuwa saa nane mchana, jua linawaka juu ya Ingleburn, mtaa wetu huku ughaibuni, nami nimeshakunywa chai vikombe viwili. Niliyaona haya kwa macho yangu.

Kazi yangu ni kutunza wazee. Mmoja wao, Mzee Han, Mkorea wa miaka tisini na saba, hakuikumbuka sura ya baba yake. Baba huyo aliigiza katika picha za sinema za kale zisizo na sauti, akafa kijana. Enzi hizo kwao kila picha ilikuwa na msemaji, mtu wa kusimama kando ya pazia na kuwasemea waigizaji wote. Msemaji wa baba yake alikuwa rafiki yake wa kufa na kuzikana, na aliapa kwamba picha ya mwenzake haitaonyeshwa bila yeye kuisemea.

Mjukuu wa Mzee akapata kipande cha picha hiyo cha dakika tatu, akakitia kwenye tableti. Mzee akakataa kutazama. "Bila msemaji, baba yangu ni mtu anayechezesha mdomo tu," aliniambia. Na daktari alikuwa ameshaita familia ije kumuaga.

Basi kiherehere changu. Mimi nimekulia kambi ya wakimbizi Tanzania, na kwenye kibanda chetu cha video mtafsiri alikuwa anabuni maneno na watu wanafurahi. Nikasema, hili naliweza. Nikawasha tableti, nikaanza na Kiingereza changu cha kuungaunga: huyu ndiye stelingi, yule mwenye kofia ni adui. Mwenye kofia akamsukuma mwenzake mtoni. "Msaliti mkubwa," nikasema.

Mtu akakohoa kwenye kiti cha wageni, na kiti kilikuwa kitupu. Niamini. Nikageuka, namwona mwanamume wa suti nyeusi na glavu nyeupe, macho kwenye picha. Akaanza kusema Kikorea, sauti inapanda na kushuka, mara ya kike, mara ya kiume. Ningekimbilia wapi, na Mzee amenishika mkono?

Mzee analia huku anacheka. "Anasema amemsukuma rafiki yake ili risasi zisimpate," akaninong'oneza. "Mwenye kofia ndiye baba. Tazama alivyo kijana."

Picha ikaisha. Kwenye kiti hakuna mtu.

Mama Furaha, Mkongo mwenzangu wa zamu, akachungulia mlangoni. "Dada, ni mugeni gani ule alikuwa anasema na nguvu hivi? Hakusaini ku reception." Nilimshukuru Mungu. Kumbe sijarukwa na akili.

Mzee alifariki siku ya tatu, usingizini, uso umetulia, nami moyo wangu ukawa mwepesi. Lakini tangu hapo simsemei marehemu neno nisilolijua, hata kwa utani. Nawe chunga mdomo wako. Marehemu wengine wana marafiki.