Baba wa Kwenye Simu

Harufu ya udi ikinipita dukani, mie hurudi sebuleni kwetu Mbagala, magharibi ya Ramadhani. Mama anapakua magimbi ya nazi, na simu imeegemezwa kwenye chupa ya chai. Baba alikuwa kazini Uarabuni tangu nikiwa kichanga, na kila siku tulifuturu naye humo, uso wake mdogo kama kiganja changu.

Siku moja akaja mwenyewe. Mlango ukajaa mtu mrefu anayenukia udi na jasho.

"Msalimie baba yako," mama akasema.

Nikakumbatia simu. "Baba yangu wa humu!"

Akanibeba, nikamsukuma kifuani huku nalia. Akaniweka chini taratibu, akatoka barazani. Mara simu ikaita, uso wake ukatokea kwenye kioo.

"Shikamoo baba!"

"Marahaba mwanangu. Umefuturu?"

Nikamsimulia yote, hata habari za yule mtu aliyekuja kunitisha. Sauti yake ilisikika mara mbili, simuni na dirishani.

"Tazama dirishani," mama akaninong'oneza.

Sikugeuka.

Likizo ilipoisha akarudi Uarabuni. Nikafurahi: baba yangu karudi mahali pake, kwenye chupa ya chai.